Vichekesho vya sinema za kale vilidhani maisha ya mbele yatakuwaje? Tunataka kuigiza Tanga ya 2125

Kijana_wa_Makorora

Habari za muda huu wadau wa Tanga na wa kwingineko. Sisi ni vijana tuko Makorora hapa, tuna kikundi chetu cha vichekesho tunarusha vile vifupi vya dakika mbili tatu mtandaoni, sasa tumekaa tukasema tufanye kimoja cha Tanga ya mwaka 2125 yani miaka mia mbele huko. Shida kila tukikaa kuandika tunaangukia palepale, bodaboda inapaa, mama lishe ni roboti, tukishacheka hapo imeisha na hata dakika moja haijafika.

Mwenzetu mmoja akauliza kwani waliotutangulia walifanyaje, maana vichekesho vipo tangu filamu bubu na lazima kuna watu walishaigiza maisha ya mbele. Nimechimba chimba nikaambulia kamuvi kamoja ka 1908 ka hoteli ya umeme, masanduku yanapanda yenyewe, brashi inasugua viatu na mkono hauonekani, nikabaki nimetoa macho. Naomba mwenye kujua anisaidie, hawa watu walikuwa wanawaza nini, walipatia wapi walichemka wapi, na kipi mtu akikiangalia leo bado anacheka? Msiniletee maroboti ya kuua watu, nataka vichekesho na nataka vya kale.

FundiProjekta

Swali zuri sana hili, limenifanya niache kazi. Hiyo uliyoiona ni *El hotel eléctrico* ya Segundo de Chomón, Mhispania aliyekuwa anafanya kazi na kampuni ya Pathé ya Ufaransa. Mke na mume wanaingia hotelini, vitu vyote vinajifanyia vyenyewe, bwana ananyolewa, bibi anachanwa na kusukwa nywele, wao wamekaa tu kwenye viti kama maharusi. Sasa je uliangalia mpaka mwisho au bando liliisha njiani? Maana mwisho yule mtu wa chumba cha mitambo amelewa, anavuta swichi ovyo, basi samani zinaingia wazimu wageni wanazolewa humohumo. Mashine ikifanya kazi vizuri watu wanashangaa, hawacheki. Kicheko kinaanza kwa mlevi. Nyinyi mmeweka roboti mama lishe anayepika vizuri, mnategemea mtu acheke nini hapo.

Ukirudi nyuma zaidi 1895 wale ndugu Lumière, Wafaransa waanzilishi wa sinema, wana kamuvi hakafiki hata dakika, limewekwa sanduku kubwa la mashine, nguruwe anaingizwa upande huu (mtaniwia radhi jamani) upande wa pili zinatoka soseji. Mwaka huo sinema yenyewe ndo kwanza inazaliwa na tayari wanatania kwamba kesho mashine itatufanyia kila kitu. Halafu 1922 Buster Keaton, mchekeshaji wa filamu bubu wa Marekani, akatoa *The Electric House*, kijana amesomea mambo ya mimea lakini kwa kuchanganyiwa vyeti anaonekana fundi umeme, anapewa nyumba ya tajiri aiwekee mitambo. Ngazi zinatembea zenyewe, chakula kinaletwa mezani na katreni kadogo, bwawa la kuogelea linakauka na kujaa kwa kuvuta mpini mmoja. Fundi wa kweli mwenye cheti chake anakuja kwa kisasi anachanganya nyaya zote. Na hizo ngazi si mchezo, Keaton alivunjika mguu kwenye jaribio la kwanza la kupiga hiyo filamu 1921, ikabidi aiache aje kuifanya upya baadae.

Ila kama unataka ya mbele kabisa, yenye mji mzima na mavazi na kila kitu, itafute *Just Imagine* ya 1930. Hii ni komedi na nyimbo humohumo, imetengenezwa na Fox, mwongozaji David Butler, na stori yake iko New York ya mwaka 1980, yani miaka hamsini mbele. Kuna jamaa wa 1930 alipigwa na radi akicheza gofu, madaktari wa 1980 wanamfufua kama jaribio la maabara, wakishamaliza hawana habari nae tena wanamwacha ajitafutie. Huyo ndo chale wa filamu, kaigiza El Brendel. Anazunguka mjini anashangaa kwa niaba yetu. Watu hawana majina wana herufi na namba, kijana mkuu anaitwa J-21 na mpenzi wake LN-18. Kila mtu ana kandege kake, J-21 na mpenzi wake wanasimamisha ndege angani wanapiga stori. Chakula kidonge, mlo mzima mpaka kahawa unameza mara moja. Pombe nayo kidonge. Ukitaka mtoto unatumbukiza sarafu kwenye mashine mtoto anatoka, na yule jamaa wa kale akiona hivyo anazitamani enzi zake, kicheko ndo hicho.

Mji wenyewe ulikuwa mfano mkubwa wa mji wamejenga ndani ya banda la zamani la maputo ya jeshi, kazi ile iliingia kwenye kinyang'anyiro cha Oscar cha usanifu wa mandhari. Hela haikurudi lakini. Ilitoka kipindi mdororo wa uchumi umeshaanza na watu wamechoka muvi za kuimba imba. Ile mitambo ya maabara ya cheche za umeme ikaenda kutumika tena kwenye *Frankenstein* ya 1931, kwa hiyo ukiiona pale ujue ilianzia kwenye kichekesho.

Sasa angalia hilo la pombe. 1930 Marekani pombe ilikuwa marufuku, sheria ilianza 1920. Waandishi wakaona basi hata 1980 itakuwa marufuku tu ndo maana watu wanameza vidonge. Ilipita kama miaka mitatu tu, 1933 sheria ikafutwa! Waliweza kuwaza safari ya sayari ya Mars (ndio, J-21 anaenda mpaka huko, na huko kila mtu ana pacha wake mmoja mwema mmoja shetani) lakini kuwaza kwamba baa zitafunguliwa ikawashinda. Hawa watu walikuwa wanazungumzia kero ya mwaka wao kisha wanaivalisha nguo za kung'aa. Ukitaka kujua mtaa ulikuwa unalalamikia nini 1930 angalia muvi ya 1980 yao.

Pweza_wa_Deep_Sea

Kidonge badala ya wali wa nazi na changu wa kuchoma? Huko mbele mtangulie tu, mimi niacheni hapa sahani ni kubwa bado sijamaliza.

Babu_Barabara_ya_Ishirini

Vijana hamjambo. Nimesomewa hii na mjukuu nikamwambia aniandikie na mimi neno.

Huyo mtu wa Hollywood katugawia mwaka 1980 kila mtu na ndege yake. Mimi 1980 nilikuwa mtu mzima hapahapa Tanga, nawaambia ilivyokuwa. Vita ya Kagera ndiyo imetoka kuisha mwaka uliotangulia, sukari foleni, sabuni foleni, ukisikia duka limepata sabuni ya mche unaacha unachofanya unakimbia kupanga mstari kabla hujajua mstari ni wa nini. Mafuta yalikuwa yanabanwa, ikawa na amri magari ya watu binafsi yasitembee Jumapili ikishafika saa nane mchana. Kwa hiyo kule angani kwao watu wanasimamisha ndege wapige porojo, huku chini mwenye gari lake analitazama tu limefunikwa turubai. Televisheni Zanzibar walikuwa nayo tangu 1973, tena ya rangi, lakini bara tumekuja kuipata 1994. Sisi ilikuwa redio, na ukiwa na shilingi unaenda sinema Majestic kuangalia Wahindi.

Lakini baiskeli zilikuwepo. Zilikuwepo kabla, zilikuwepo 1980 na leo nikikaa barazani zinapita mbele yangu. Hao watengeneza sinema nilivyosomewa wanafagia kila kitu kwa siku moja, mji mpya nguo mpya chakula kipya, hakuna hata mzee mmoja aliyebaki na kitu chake cha zamani isipokuwa huyo aliyepigwa radi. Sijawahi kuona dunia ikienda hivyo. Mtu ana simu ya kisasa mfukoni na bado anafunga kuni nyuma ya baiskeli ya babu yake. Mkiigiza hiyo 2125 mtuwekee baiskeli, tena ya breki za fimbo, ipite katikati ya hayo mandege yenu bila mtu yeyote kuishangaa.

Kijana_wa_Makorora

Shikamoo babu! Hilo la baiskeli tumeshalichukua, hata hatuombi ruhusa. FundiProjekta nakushukuru kiongozi, hapo kwenye mlevi umetufumbua, tumeangalia tena jana usiku wote tukacheka kuanzia pale anapoingia yeye.

Binti_Chumbageni

Naona wanaume mmeshika mitambo na ndege mmesahau kundi zima la hivyo vichekesho, tena pengine ndo lililokuwa kubwa. Ngoja niwakumbushe.

1906 kuna mwanamke anaitwa Alice Guy, Mfaransa, yupo kwenye hii kazi tangu 1896 wakati wengi hawajui hata sinema ni kitu gani. Akatoa *Les Résultats du féminisme*, yani matokeo ya ufeministi. Humo wanaume ndo wanashona, wanapiga pasi, wanalea watoto, wanawake wamekaa mgahawani wanakunywa na kuvuta sigara. Mwanaume akikaa kwenye benchi peke yake anasumbuliwa na mwanamke asiyemjua. Mwisho wanaume wanachoka wanawafukuza wanawake mgahawani wanarudisha utaratibu wao. Watu walicheka sana lakini we fikiria nani anachekwa pale, maana kila anachofanyiwa yule mwanaume wa kwenye benchi wanawake waliokuwa wamekaa ukumbini wanakijua vizuri mno. Baadae akahamia Marekani akawa na studio yake mwenyewe, 1912 akatoa *In the Year 2000*, wanawake ndo wanatawala dunia. Hiyo imepotea, hakuna nakala.

Halafu 1924 Fox hao hao wakatoa *The Last Man on Earth*. Ugonjwa umeua wanaume wote waliozidi miaka 14 duniani, wanawake wanaendesha serikali, rais mwanamke. Anapatikana mwanaume mmoja amejificha msituni huko, jambazi wa kike anamkamata anaiuzia serikali kwa dola milioni 10, maseneta wawili wanawake wanapigana ngumi za ulingoni kumgombania! Kumbuka wanawake wa Marekani wamepata haki ya kupiga kura 1920, miaka minne tu kabla. Hilo la kero ya mwaka wao alilosema FundiProjekta ndo linaonekana hapa, walikuwa wanaogopa jambo lililokuwa mlangoni kwao wakalipeleka mbele ili walichekee kwa nafasi.

Na kwenye hizo stori mwanamke akishika nchi ndo kichekesho chenyewe kimekamilika, hawaoni haja ya kuongeza utani mwingine. Sisi hapa rais ni mama tangu Machi 2021 na hakuna kilichogeuka kichwa chini miguu juu, watu wanabishana bajeti na barabara kama walivyokuwa wanabishana siku zote. Kichekesho chao cha karne nzima kwetu ni taarifa ya habari ya saa mbili usiku, tena ukikaa nayo sana unasinzia.

Kwa hiyo Kijana wa Makorora nisije nikaona 2125 yenu mwanamke bado anafua na mwanaume ndo anaendesha ndege. Angalia hata hiyo *Just Imagine* iliyosifiwa hapo juu, wameleta watoto wa kutoka kwenye mashine lakini LN-18 kuolewa lazima apangiwe.

Mshenga_Mstaafu

Haa dada hapo umenigusa kwenye fani yangu. Hebu tuelezeni vizuri hilo la kupangiwa.

FundiProjekta

Ni hivi mzee wangu, ukitaka kuoa unapeleka maombi serikalini. LN-18 anagombaniwa na wawili, J-21 wetu ambaye ni rubani, na mwingine MT-3. Baraza la ndoa linasikiliza kesi linasema MT-3 ndo ana hadhi zaidi, ampate yeye. J-21 anakata rufaa anapewa miezi ya kuthibitisha kwamba na yeye ni mtu wa maana, ndo anajitosa kwenda Mars. Binti anampenda J-21 lakini baraza halina habari na hilo.

Mshenga_Mstaafu

Sasa hiyo mbona si 1980 wala si New York! Hiyo nimeifanya mimi Ngamiani maisha yangu yote. Unapeleka barua ya posa, wazee wanakaa ndani wanauliza kijana ana kazi gani, kwao wapi, anaswali msikiti upi, na kama kuna mwingine ameshapeleka yake mapema mwenye duka anashinda. Tofauti yao na yetu ni kwamba sisi kijana akikataliwa haendi Mars anaenda Dar, akirudi na gari wazee wanajifanya walikuwa wanatania. Na afadhali sisi kulikuwa na shangazi wa kumuuliza binti pembeni, hao wa kwenye muvi naona hata shangazi hawana.

Na hayo majina ya namba msicheke sana. Mimi juzi kila ofisi niliyoingia hakuna aliyeniuliza jina, ni namba ya NIDA tu, ya kitambulisho cha taifa, ina tarakimu 20. J-21 huyo alikuwa na bahati yake. Token ya umeme nayo tarakimu 20, siku nitakuja kuingiza kitambulisho kwenye mita taa iwake.

Pweza_wa_Deep_Sea

😂😂 Mzee ukiwaka taa niite nije nichaji simu

Mpare_wa_Korogwe

Nimefuatilia kimya kimya nikaona niongeze la kwetu maana mnazungumza Hollywood tu kama vile huku kamera haikufika. 1935 mpaka 1937 kulikuwa na mradi wa Waingereza wa sinema za mafunzo makao yake Vugiri, milimani Usambara, huku huku kwetu Korogwe. Uliitwa Bantu Educational Kinema Experiment, anaongoza Meja Notcutt na mwenzake Latham. Walipiga filamu 35 wakazizungusha vijijini kwa gari Afrika Mashariki na kati. Mojawapo ilikuwa ya kumfundisha Mwafrika aweke hela zake benki ya posta asifukie ardhini.

Sasa piga picha, 1936 hiyo hiyo Chaplin anatoa *Modern Times*, kuna ile mashine ya kumlisha mfanyakazi ili asipoteze muda wa chakula cha mchana, inamuwekea supu, inamfuta mdomo, halafu hindi linaanza kuzunguka kwa kasi linamkwangua meno. Na bosi anamuona kwenye skrini mpaka chooni anakovutia sigara, anamfokea arudi kazini. Wao wanatengenezewa kesho ya kuichekea na kuiogopa, sisi mwaka huo huo milimani Vugiri tunatengenezewa kesho ya kutii, weka hela posta, fanya hivi usifanye vile. Hakuna aliyemuuliza mtu wa Vugiri 1980 yake anaionaje, angejibu mambo ya ajabu sana naamini, maana wazee wa kule kwa utani hawajambo.

Ndo maana mimi nafurahi vijana wa Makorora mkijiandikia wenyewe hiyo 2125. Ila msitupe somo tafadhali. Hizo za mafunzo tulishaonyeshwa za kutosha.

Kijana_wa_Makorora

Vugiri?? Na shule nzima tumesoma hatujaambiwa hili. Aisee.

Basi jamani hivi ndivyo tulivyokubaliana mpaka sasa. Gesti moja Tanga ya 2125, kila kitu kinajiendesha chenyewe kasoro mtu wa chumba cha mitambo amekula mchana mzito wa ugali na samaki amesinzia juu ya swichi (ulevi tumeuacha, wazazi wanaangalia). Mgeni anaingia na baiskeli ya breki za fimbo anataka iegeshwe, mitambo haiitambui, inaipandisha chumbani inailaza kitandani, yeye inamtundika ukutani. Meneja wa gesti ni mwanamke na hakuna utani wowote kuhusu hilo, Binti Chumbageni umesikia. Na kuna posa inasikilizwa mapokezi kwa namba ya NIDA, tarakimu zinakosewa mwishoni anaozwa baiskeli. Kilichobaki ni kimoja, tunafanyaje baiskeli ipande kitandani yenyewe? Hatuna hela ya kompyuta za maana.

Kamera_Bei_Chee

Hiyo rahisi, mfanye kama de Chomón mwenyewe alivyofanya 1908, hakuwa na kompyuta. Unapiga picha moja, unasimamisha, unasogeza kitu kidogo sana, unatoka kwenye picha, unapiga nyingine, unasogeza tena, mpaka safari iishe. Ukizichezesha mfululizo kitu kinatembea chenyewe. Enzi zile filamu ilikuwa inaenda kama picha 16 kwa sekunde, nyinyi fanyeni 12 inatosha, kwa hiyo sekunde kumi za baiskeli kupanda kitandani ni picha 120. Programu za kufanya hivyo zipo za bure kwenye simu.

Mambo mawili yatakayowaharibia. La kwanza mwanga wa jua, ukianza saa tatu ukamaliza saa saba vivuli vinakimbia ukutani na kila mtu ataona, fungeni mapazia mtumie taa. La pili baiskeli haisimami, itafutieni waya mwembamba ifungwe juu au mawe chini ya magurudumu upande usioonekana. Yule wa kutundikwa ukutani msimtundike kweli, mlazeni sakafuni juu ya shuka lenye rangi ya ukuta mpige kutoka juu. Na simu iwe kwenye stendi, msiishike kwa mkono hata kidogo.

Mkikwama njooni na picha zenu hapa tuone, mimi jioni huwa nipo.